Barua zenu: Kwa nini mama mkwe analoweka muhogo siku nne?

Wasomaji wangu hamjambo, na wakubwa zangu shikamooni. Toleo lililopita niliandika kwamba kuna wataalamu wanaosoma jamii ya binadamu kwa mawazo yale yale ya Darwin, yule Mwingereza aliyeandika juu ya mageuzi ya viumbe, yaani kuna vitu vinatofautiana, vinarithiwa, afu vinachujwa na maisha, na wanasema mila na ujuzi wetu navyo vinapita njia hiyo hiyo. Basi meseji zikamiminika, kuna waliofurahi na kuna waliokasirika kabisa. Nimechukua chache nizijibu vizuri kuliko kujibu zote juu juu.

*Shikamoo mwalimu. Niko Mwandiga hapa Kigoma, nauza unga wa muhogo. Mama mkwe ananilazimisha kuloweka muhogo mchungu siku tatu mpaka nne ndo nianike, nikimuuliza kwa nini anasema ndivyo tulivyokuta. Shemeji yangu kasoma, ananiambia hizo ni mila tu, nipasue nianike juani niwahi soko. We uliandika mila zinachujwa, sasa hii imechujwa au bado?*

Marahaba mwanangu. Kabla hujasoma mbele nakuomba kitu kimoja, msikilize mama mkwe.

Muhogo mchungu una sumu ndani yake, ukiukata au kuuponda inatoka sayanaidi. Ukiuloweka siku kadhaa unalainika, chembe zake zinapasuka, na kimeng'enya kilichomo humo humo kwenye muhogo kinaivunja ile sumu, inaondoka na maji na hewa. Ukipasua tu na kuanika, sumu nyingi inabaki kwenye makopa na inaingia kwenye unga. Tarime kule Mara, miaka ya 1980, kulikuwa na ukame, chakula ni muhogo mchungu tu, watu wana njaa, hawawezi kusubiri, wakafupisha siku za kuandaa. Wakaanza kupatikana watu miguu imekakamaa ghafla, hawatembei vizuri tena, na haiponi. Ugonjwa unaitwa konzo, jina limetoka Kongo ambako ulielezwa na madaktari tangu 1938, na wanaoumia zaidi ni watoto na akina mama. Tena unawapata zaidi wenye upungufu wa protini, kwa sababu mwili unahitaji salfa inayotoka kwenye protini ili kuikabili hiyo sumu, kwahiyo ugali wetu wa muhogo kwa dagaa una maana kubwa kuliko utamu.

Sasa ndo nije kwenye swali lako maana hapa ndo pana utamu wa jambo lenyewe. Nani aligundua siku tatu au nne? Muhogo asili yake ni Amerika ya Kusini, Wareno waliuleta Afrika karne ya 16, na huko Amazon watu walikuwa wanaukamua, wanauloweka na kuupika kwa hatua nyingi tangu zamani sana bila mtu kujua neno sayanaidi. Mtaalamu mmoja Mmarekani, Joseph Henrich, amelieleza hili vizuri kwa kuwaangalia Watukano, watu wa msitu wa Amazon upande wa Colombia. Hoja yake ni kwamba sumu hii haikupigi leo leo, asiyeloweka sawasawa anakula, anashiba, analala, anaamka mzima, na kesho hivyo hivyo, madhara yanakuja baada ya wiki au miezi na huenda hata hayamjii yeye yanamjia mwanae. Kwahiyo mtu mwenye akili sana akijaribu peke yake jikoni kwake, ataona kabisa kwamba kuloweka ni kupoteza muda na maji na mgongo. Akili ya mtu mmoja haitoshi. Kinachotosha ni kaya nyingi, miaka mingi, wanaofanya hivi watoto wao wanakua na kuigwa na jirani, wanaofanya vile wanapata shida na njia yao inapotea taratibu, mpaka mwisho anabaki bibi anayejua cha kufanya ila hajui sababu. Jibu la "ndivyo tulivyokuta" linatoka hapo, na mimi naliheshimu.

Nilikaa na bibi mmoja hapo hapo kwenu Mwandiga akiwa na pipa lake la muhogo siku ya tatu. Anaingiza mkono kwenye maji yenye povu, anatoa kipande, anakibonyeza kwa dole gumba. Dole likigoma anarudisha. Likizama, anauvuta ule uzi wa kati unatoka wote bila kukatika, ndo anasema huu tayari. Nikamuuliza dole linapima nini, akasema linapima kama umeiva kulowa. Kumbe dole linapima kama chembe zimepasuka, na zikishapasuka ndo sumu inapata njia. Alifundishwa na mama yake, na mama yake naye hivyo hivyo.

Na ukitaka kuona inakuwaje zao likisafiri halafu ujuzi ukabaki nyuma, angalia mahindi. Mexico wanachemsha mahindi na chokaa tangu kale. Wazungu wakachukua mbegu wakaacha chokaa, wakaona ni uchafu tu, na karne zilizofuata masikini wa Italia na wa kusini mwa Marekani waliokuwa wanaishi kwa mahindi wakapata pelagra, ngozi inabanduka, tumbo linaharibika, akili inavurugika, wakafa kwa maelfu. Baadae sana ndo ikajulikana chokaa inafungua vitamini iliyojificha ndani ya mahindi.

Shemeji yako hajakosea kuuliza sababu. Amekosea kukata kabla hajajua. Mwambie alichosoma ni kizuri na ndo maana leo tunaweza kukuambia kwa nini siku nne, lakini unga unaouza unaliwa na watoto wa watu.

*Mwalimu, mimi ni mfanyabiashara wa Mwanga hapa Kigoma mjini. Nimependa makala yako kwa sababu imethibitisha ninachosema siku zote, mwenye nguvu ndo anaishi, asiyeweza apishe. Asili yenyewe iko hivyo, angalia sokwe wa Gombe walivyouana. Na kuna makabila yameendelea na mengine bado yako nyuma, tusifichane.*

Kaka yangu, hapana. Nakujibu kwa urefu kwa sababu maneno haya yameshaua watu, tena jirani zetu.

Kwanza hilo la mwenye nguvu. Usemi wa kwamba anayebaki ni yule anayefaa zaidi ulitungwa na mwanafalsafa Mwingereza Herbert Spencer mwaka 1864, miaka mitano baada ya kitabu cha Darwin, na neno lililotumika ni kufaa, halikuwa nguvu. Kufaa ni kufaa mahali. Dagaa wetu hafiki hata urefu wa kiganja, hana meno ya kutisha, kila samaki mkubwa anamla, na bado yuko ziwani kwa mamilioni kwa sababu anazaa haraka. Nenda Kibirizi asubuhi wakati mitumbwi inarudi uone mchanga wote umekuwa mweupe kwa dagaa, afu uniambie mwenye nguvu ni nani.

La pili, sokwe. Ni kweli, kwenye hifadhi ya Gombe kundi la Kasakela na kundi la Kahama walikuwa kundi moja, wakagawanyika, na kati ya 1974 na 1978 madume wa Kasakela wakawaua madume wa Kahama mmoja mmoja mpaka kundi likaisha. Mtafiti Jane Goodall aliyeanza kazi pale mwaka 1960 alisema jambo hilo lilimsumbua sana. Lakini vuka ziwa uende mbali zaidi Kongo, kusini mwa mto Kongo wanaishi bonobo, nao ni ndugu zetu kwa kiwango kile kile cha sokwe, na kwao majike wanaungana kumzuia dume mkorofi na makundi mawili yakikutana mara nyingi wanakaa pamoja wanakula. Ukichagua ndugu mmoja ukamwacha mwingine ili upate ruhusa ya kumkandamiza mtu, hiyo sio sayansi tena.

Alafu we mwenyewe biashara yako imesimama juu ya kuaminiana. Unampa mama kreti za mali kwa neno tu, analipa Jumamosi. Akina mama wa soko la Mwanga wanacheza upatu, leo anapokea huyu, wiki ijayo yule, na anayekula hela na kutoroka anajulikana mpaka Ujiji na hapati tena kundi la kucheza nae. Mtaalamu mwingine Mmarekani, Robert Trivers, aliandika mwaka 1971 jinsi kusaidiana kwa kupokezana kunavyoweza kukua kwa mchujo wa kawaida kabisa, ilimradi watu wanakutana tena na wanakumbuka nani alidanganya. Hiyo nayo ni asili.

La tatu ndo linaloniuma. Mwezi wa pili mwaka 1858 wavumbuzi wawili Waingereza, Burton na Speke, walifika hapa hapa Ujiji. Speke baadae akaandika kitabu, 1863, akadai watawala wa nchi za maziwa makuu wametoka Uhabeshi na ni damu bora kuliko watu waliowakuta. Hakuwa na ushahidi wowote. Lakini dai lake likaja kukaa vizuri ndani ya fikra iliyokuwa inashika kasi Ulaya, kwamba mataifa ya watu yako kwenye ngazi, wengine juu wengine chini. Wabelgiji walipotawala Ruanda-Urundi wakalichukua wazo hilo wakaligeuza kuwa utaratibu wa serikali, watu wakapimwa pua, na Rwanda miaka ya 1930 wakapewa vitambulisho vimeandikwa wewe ni nani. Kilichotokea Rwanda 1994 unakijua. Cha Burundi 1972 unakijua pia, maana wengi waliokimbia walipita hapa Kigoma, na Tabora wakapewa ardhi Ulyankulu wakafungua mashamba. Mimi nimefundisha watoto wa watu hao. Kwahiyo ukiniambia kabila hili liko juu na lile liko nyuma kwa sababu ya mageuzi, siwezi kukunyamazia.

Darwin alichora mti, hakuchora ngazi. Ziwa letu lina aina zaidi ya 200 za samaki wa jamii moja na kuhe, na karibu wote hawapatikani popote duniani isipokuwa humu. Kuna wanaokwangua mwani juu ya mawe, kuna wanaoishi ndani ya maganda ya konokono, kuna wanaokula magamba ya wenzao na midomo yao imepinda, wengine kushoto wengine kulia, ili wamvizie mwenzao ubavuni. Yupi ameendelea? Swali halina maana. Kila mmoja ametokana na babu wa zamani kwa njia yake. Jamii za watu ziko hivyo hivyo, tofauti ni kwamba sisi tunaweza kuchukua tawi la jirani tukalipandikiza kwetu kwa siku moja.

*Teacher shkamoo, niko kidato cha sita Ujiji. Hivi sokwe wa Gombe ni babu zetu? Na mbona hawageuki watu?*

Marahaba. Sio babu zako mdogo wangu, ni binamu. Sisi na wao tuna babu mmoja aliyeishi yapata miaka milioni 6 mpaka 7 iliyopita, yeye hakuwa sokwe wala hakuwa mtu, afu kila upande ukashika njia yake, ndo maana hawageuki kuwa sisi na sisi hatugeuki kuwa wao. Najua kuna waliouliza habari ya imani, mimi mwenyewe naswali na sijaona sababu ya kuacha kimoja kwa ajili ya kingine, hilo kila mtu na moyo wake.

Ila kuna kitu nataka ukijue maana kiko mlangoni kwako. Gombe iko kaskazini mwa mji, hifadhi ya Mahale iko kusini, ziwa moja, sokwe wa aina moja. Mahale, ambako Toshisada Nishida kutoka Japani alianza utafiti mwaka 1965, sokwe wawili wakichambuana manyoya wanashikana mkono juu, kila mmoja anamchambua mwenzie kwapani kwa mkono uliobaki. Gombe hawafanyi hivyo. Gombe nao wanavua siafu kwa kijiti kirefu, Mahale siafu wapo lakini sokwe hawawavui kwa kijiti. Mwaka 1999 watafiti wa vituo mbalimbali Afrika wakaunganisha kumbukumbu zao wakapata tabia 39 zinazotofautiana toka mahali hadi mahali kwa namna ambayo mazingira peke yake hayaelezi. Mtoto anakaa karibu na mama, anaangalia, anajaribu. Tofauti yao na bibi wa Mwandiga ni kwamba kwao ujuzi haurundikani sana, kijiti cha leo kinafanana na cha jana. Kwetu moto wa kuni wa kuvutia dagaa usiku umekuwa karabai, karabai imekuwa taa za betri na sola, na kila kizazi kinaanzia pale mwenzie alipoishia.

*Habari za kazi mwalimu. Niko Nzega. Ukoo wetu ukilipa mahari watoto ni wako, usipolipa wanahesabiwa wa wajomba. Wazee wanasema zamani wajomba walikuwa na nguvu zaidi. Sayansi yako inasemaje?*

Salama kaka. Swali zuri na bahati nzuri limefanyiwa kazi. Watafiti wawili, Clare Holden na Ruth Mace, mwaka 2003, walichukua jamii 68 za Kibantu na jirani zao wa karibu kilugha, wakazipanga kwenye mti kwa kufuata undugu wa lugha, afu wakaangalia kwenye kila tawi nani anarithi kwa mama, nani anarithi kwa baba, na nani anafuga ng'ombe. Wakaona jamii za urithi wa mama zikishapata ng'ombe huwa zinaelekea kuhamia upande wa baba au kuchanganya. Sababu wanayoipendekeza unaijua kuliko mimi, ng'ombe ndo mahari, kijana akipewa ng'ombe anaoa, kwahiyo mali hiyo inamsaidia zaidi wa kiume. Penye jembe la mkono na pori la mbung'o ambako ng'ombe hawakai, shamba kumwachia binti halina hasara, na mtoto wa binti yako una uhakika ni mjukuu wako. Ni mwelekeo tu lakini, usiende kumshtaki mjomba kwa makala yangu.

Na ng'ombe wamebadilisha mpaka damu. Watu wazima wengi duniani hawawezi kumeng'enya vizuri sukari iliyomo kwenye maziwa. Utafiti ulioongozwa na Sarah Tishkoff, 2007, uliochukua watu wa Tanzania, Kenya na Sudan, ulikuta kwa wafugaji wetu mabadiliko ya vinasaba yanayowawezesha, tofauti na yale ya Wazungu, na yametokea ndani ya miaka 7,000 hivi. Desturi ilitangulia, mwili ukafuata.

*Mwalimu, we unatetea mila. Kwetu Urambo bibi akiwa na macho mekundu anaitwa mchawi. Bibi yangu aliitwa hivyo. Hiyo nayo imechujwa?*

Mwanangu pole sana. Nimeisoma meseji yako mara nyingi.

Hapana, na nashukuru umeniuliza maana pengine nimeandika vibaya watu wakaelewa hivyo. Kitu kudumu hakimaanishi ni kizuri. Mila inaweza kudumu kwa sababu inalisha watoto kama kuloweka muhogo, na inaweza kudumu kwa sababu inamnufaisha mtu fulani, anayetaka shamba la mjane kwa mfano, au kwa sababu hofu nayo inaambukiza kama mafua, anayeogopa anamfundisha mwanae kuogopa. Mchujo hauna huruma na hauna macho ya kuona haki, kuona haki ni kazi yetu. Macho ya bibi yako ni mekundu kwa sababu amepika maisha yake yote kwenye moshi wa kuni na wa mavi ya ng'ombe ndani ya jiko lisilo na dirisha. Alikuwa anawapikia wao hao hao.

Na sayansi hii hii ina la kusema juu ya mabibi. Wahadzabe wa Ziwa Eyasi, wanaoishi kwa kuwinda na kuchimba mizizi, walitembelewa miaka ya 1980 na mtafiti Kristen Hawkes na wenzake, wakawa wanapima nani analeta chakula gani. Wakaona mama akishajifungua, anakuwa hawezi kuchimba mizizi sana kama mwanzo, na hapo yule mtoto mkubwa aliyeachishwa ziwa uzito wake unaenda na kazi ya bibi. Bibi akichimba sana, mjukuu ananenepa. Hawkes akapendekeza kwamba hiyo huenda ndo sababu mwanamke anaishi miaka mingi baada ya kuacha kuzaa, wazao wa mabibi wenye nguvu walibaki wengi. Yaani inawezekana wote tunaosoma ukurasa huu tupo kwa sababu ya vikongwe. Msomee bibi sehemu hii kama anasikia vizuri, na kama kuna mtu anamtishia usikae kimya, nenda kwa mtendaji na polisi leo, usisubiri.

*Mimi tena wa Ujiji. Tumepewa kazi ya utafiti, natamani nifanye kitu cha namna hii ila sina maabara wala hela.*

Huhitaji maabara. Chukua daftari nenda Kibirizi au Katonga mchana, wavuvi wakiwa wanashona nyavu, usiende alfajiri wana haraka. Uliza watu ishirini swali moja tu kuhusu taa, unatumia taa ngapi kwenye mtumbwi na ulijifunza kwa nani, baba, tajiri yako, au jirani uliyemwona anavua zaidi yako. Usiandike majina yao, weka namba. Uliza pia ni nini alijaribu akakiacha, hapo watakupa stori ndefu usizikate. Halafu chora mistari kutoka kwa aliyejifunza kwenda kwa aliyemfundisha uone michirizi inaelekea wapi. Mi nadhani utakuta wachache wameigwa na wengi, lakini nenda ukaone, na ukirudi niletee daftari nilisome.